Sare ya Mkagua Tiketi

Ndugu mwenyekiti wa shughuli, wazee wetu mliokaa mbele, shikamooni. Wazazi na walezi, habari za jioni. Na ninyi vijana mnaohitimu leo, baada ya miezi sita ya kujifunza uigizaji, kuanguka na kuinuka kwenye sakafu hii ya saruji, hamjambo.

Nimeombwa nizungumzie mwigizaji mmoja ninayemheshimu. Mwenyekiti aliponipigia simu alitarajia nimtaje mtu wa hapa kwetu, na wapo wa kutajwa, wengine nawaona wameketi humu ndani. Lakini nimekuja na mtu wa mbali, ambaye wengi wenu mmeshamwona na jina lake hamlijui. Mliokua enzi za vibanda vya video, mnaikumbuka ile filamu ya chupa ya Coca-Cola iliyodondoka kutoka angani katikati ya Kalahari? Mnamkumbuka Mzungu mwenye Land Rover mbovu, mtafiti wa kinyesi cha tembo, ambaye kila akimkaribia yule mwalimu wa kike lazima aangushe kitu? Naona vichwa vinatikisika. Yule ni Marius Weyers. Alizaliwa Johannesburg, Afrika Kusini, mwaka 1945, lugha ya kwao ni Kiafrikaans, na kazi yake jukwaani, kwenye televisheni na kwenye filamu imechukua karibu nusu karne.

Filamu yenyewe, The Gods Must Be Crazy ya mwaka 1980, niliiona hapa Morogoro, Msamvu, kwenye kibanda cha mabati chenye mabenchi ya mbao na feni moja iliyokuwa ikimpuliza mwenye kibanda peke yake. Sisi watoto tulikuwa na sheria zetu za filamu. Kuna steringi na kuna adui. Steringi hafi. Steringi anapiga watu kumi na nywele hazitimki. Sasa huyu bwana alituvuruga kabisa, maana alikuwa steringi asiyejua kufungua geti. Gari lake halina breki, akilizima ni taabu kuliwasha, na mbele yake kuna geti limefungwa. Anashuka, anakimbia, gari linamponyoka, analifukuza. Mwisho wa vita vyake na lile gari, Land Rover nzima inaning'inia juu ya mti, imejivuta yenyewe kwa waya wake.

Kibanda kizima kilikuwa hoi kwa kucheka. Mimi nilicheka mpaka nikalia, na nikarudi kesho yake, na keshokutwa. Siku ya tatu ndipo nikaona jambo ambalo limenifuata mpaka leo. Yule mtu hachekeshi. Anafungua geti. Hana habari nyingine duniani zaidi ya lile geti. Uso wake ni wa mtu anayetaka kufika kazini kwa wakati, anayeona aibu mbele ya mwanamke, na ambaye ameshachoka na gari hili tangu mwaka jana. Kicheko chote tulikileta sisi.

Ninyi vijana mna neno zuri sana siku hizi: kuvaa uhusika. Mnasema, fulani kavaa uhusika. Nalipenda neno hilo kwa sababu linaufanya uigizaji kuwa kitu cha mwilini, kama shati. Kuna mwigizaji ambaye watu hulipa kiingilio kumwona yeye, na kila filamu anabaki kuwa yeye. Hilo ni jambo la halali na lina soko lake. Kuna na yule mwingine. Unatoka ukumbini unamkumbuka karani, unamkumbuka baba mkwe, unamkumbuka askari wa zamu, halafu njiani unauliza, hivi yule alikuwa nani? Weyers ni wa kundi hilo la pili. Hata alipowekwa mbele kabisa ya filamu, alikaa kama mtu wa pembeni aliyesogezewa kamera.

Najua wapo wazee humu wanaojiuliza kwa nini nisimame Morogoro, mji huu, nimsifu Kaburu. Swali hilo ni la haki na nitalijibu kabla sijaendelea.

Mazimbu iko hapo, mwendo wa baiskeli. Wenye umri wangu tumekua na wapigania uhuru wa Afrika Kusini kama majirani. Walikuwa na shule yao iliyopewa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa na Makaburu tarehe 6 Aprili 1979. Wengi wao walikimbia kwao baada ya Juni 16, 1976, siku wanafunzi wa Soweto walipoandamana kwa sababu serikali ilikuwa imeamuru hesabu na masomo mengine yafundishwe kwa Kiafrikaans. Watoto walipigwa risasi kwa sababu ya lugha hiyo. Marehemu baba yangu alikuwa stesheni masta msaidizi hapa Morogoro, na vijana wa Mazimbu walikuwa wakija stesheni kufuata mizigo. Mmoja alizoea kwetu. Alitufundisha nyimbo, alitufundisha kupiga danadana. Siku moja nikamwomba atusemeshe Kikaburu kidogo tusikie kinavyolia. Aliweka mpira chini akaondoka bila kuaga, na hakuja kwetu karibu wiki mbili. Mama alinichapa, na mpaka alipomaliza kunichapa sikuwa nimeelewa kosa langu.

Basi nilikua nikijua kwamba ile ni lugha ya mbwa na bunduki. Nikaja kwenda Cape Town kusoma mambo ya jukwaa, nikapanga chumba Bo-Kaap kwa mama mmoja wa Kiislamu, mjane. Asubuhi ya kwanza namsikia jikoni anawagombeza wajukuu, na baadaye anaomba dua, na baadaye anaimba taratibu huku akikanda unga. Nikamuuliza ni lugha gani. Akanishangaa. Ilikuwa Kiafrikaans.

Kila Jumapili alfajiri alikuwa akipika koesister. Unga uliotiwa iliki, mdalasini na tangawizi, unakaangwa, unachovywa kwenye shira, unanyunyiziwa nazi. Ukiniambia huyo ni ndugu wa kaimati sitabishana nawe. Ndizi aliiita piesang na shukrani alisema tramakassie, maneno yaliyokuja na watumwa wa Kimalai, kwa sababu Cape ilijengwa na watu waliochukuliwa Indonesia, India, Madagaska na Msumbiji. Mama huyo ndiye aliyenieleza kwamba Waislamu wa Cape walikuwa wakiandika Kiafrikaans kwa herufi za Kiarabu, kama wazee wetu wa pwani walivyoandika tenzi. Kuna kitabu cha mafundisho ya dini kilichotungwa na Abu Bakr Effendi, mwanachuoni aliyetumwa huko na dola ya Uthmaniya, kikachapishwa Istanbul mwaka 1877: lugha Kiafrikaans, herufi za Kiarabu. Na mpaka leo zaidi ya nusu ya watu wanaozungumza Kiafrikaans nyumbani si Wazungu. Makaburu waliinyang'anya lugha ile kutoka jikoni mwa watu wengine wakaivisha sare.

Neno hilo, sare, lishikeni. Nitalirudia.

Sasa filamu za lugha hiyo. Kiafrikaans kilianza kusikika kwenye filamu mwaka 1931. Kuanzia 1956 serikali ya Afrika Kusini ikaanza kuwapa watengenezaji ruzuku kulingana na mapato ya mlangoni, na filamu za Kiafrikaans zikapendelewa kuliko za Kiingereza. Pesa ikipangwa hivyo mnajua kinachofuata. Zikatoka filamu nyingi za mapenzi ya shambani, za wanajeshi wachekeshaji, za mabinti wanaorudi kijijini kutoka mjini, na mtu mweusi akionekana anabeba trei. Mwigizaji wa Kiafrikaans angeweza kuishi vizuri humo maisha yake yote bila kuumiza kichwa. Walikuwapo waliokataa. Jans Rautenbach alitengeneza Die Kandidaat mwaka 1968 na Katrina mwaka 1969, filamu zilizowauliza Makaburu wenyewe ni nani hasa anayestahili kuitwa mwenzao. Miongoni mwa waigizaji wake alikuwapo msichana aitwaye Katinka Heyns. Jina hilo nalo lishikeni.

Weyers alijengwa na jukwaa kwanza. Mwaka 1976, ule ule wa Soweto, Barney Simon na Mannie Manim walifungua Market Theatre mjini Johannesburg, ndani ya jengo lililokuwa soko la matunda la Wahindi, na wakapokea watu wa rangi zote wakati sheria haitaki. Mwaka 1978 Athol Fugard akaleta pale tamthilia yake A Lesson from Aloes, na Weyers ndiye aliyecheza Piet Bezuidenhout. Piet ni Kaburu, dereva wa basi wa Port Elizabeth. Watu weusi wanagomea mabasi, wanatembea kwa miguu, naye anawatazama kutoka kwenye usukani wake mpaka moyo unageuka, anaingia kwenye harakati. Baadaye rafiki yake wa harakati anakamatwa, na minong'ono inaanza kwamba aliyemuuza ni yeye. Hajitetei. Anatunza mishubiri yake kwenye vikopo, anajifunza majina yake.

Angalieni mtu huyu anafanya nini. Mwaka 1978 anacheza Kaburu aliyevua sare. Miaka miwili baadaye anatoka kwenye filamu ya kuchekesha inayozunguka dunia nzima. Na miaka miwili baada ya hapo anavaa sare mbaya kuliko zote.

Lakini kabla sijaiacha ile filamu ya chupa, niseme jambo moja kwa uchungu. Tuliipenda, na ilitudanganya. Iliwaonyesha Wasan, wenyeji wa Kalahari, kama watu wasiojua chuki wala mali, wanaoishi kwa umande, wakati huo huo jeshi la Afrika Kusini lilikuwa likiwaandikisha Wasan kule Namibia kupigana vita vyake. N!xau, mwigizaji Msan aliyebeba filamu nzima mabegani, alilipwa kidogo sana. Haya niliyajua ukubwani, na yaliniumiza, kwa sababu kicheko changu cha Msamvu kilikuwa cha kweli. Siwezi kukirudisha. Naweza tu kuwaambia ninyi mliangalie jambo zima pale mnapoitwa kushiriki filamu: nani anachekwa, na nani analipwa.

Turudi kwenye sare. Mwaka 1982 ilitoka Gandhi, filamu ya Richard Attenborough iliyokuja kupata Oscar 8. Usiku wa Juni 7, mwaka 1893, Gandhi, wakili kijana, yumo kwenye behewa la daraja la kwanza na tiketi yake halali mfukoni. Anaingia mkagua tiketi. Dakika chache baadaye wakili yuko chini kwenye jukwaa la stesheni ya Pietermaritzburg, na mizigo yake pembeni, na treni inaondoka. Mkagua tiketi ni Marius Weyers.

Kipande chenyewe ni kifupi, ukiinama kuokota karanga umekikosa. Mwigizaji mwingine angekuja na macho mekundu. Angekoroma. Weyers anaongea kama mtu aliyekwisha kusema maneno hayo mara mia na hajawahi kubishiwa. Mimi naona hata chuki hana. Anachukia kuchelewa tu. Kuna kitu kimekaa mahali si pake, na kazi yake ni kupanga vitu kabla ya stesheni inayofuata. Nilipoiona mara ya kwanza nilishikwa na baridi mgongoni, kwa sababu nilimjua yule mtu. Si yeye, nisameheni marehemu baba yangu. Ila mkao wake.

Baba alikuwa na kofia. Ile pale mezani, nimeileta. Akiivaa asubuhi mgongo unanyooka, sauti inashuka chini, na hata hatua zake zinakuwa za kuhesabu. Kibendera cha kijani mkono mmoja, chekundu kimekunjwa kwapani. Mama alikuwa hamwambii habari ya ada wala ya bati linalovuja mpaka aivue. Akiivua tu anakuwa mtu mwingine, mzee wa makamo anayetafuta ndala zake chini ya kitanda. Mara moja nilimwona akimzuia mama mjamzito kupanda treni ya mizigo kwenda Kilosa. Sheria ilikuwa upande wake, naye alizungumza kwa adabu. Usiku ule hakula. Aliketi na kofia magotini akiizungusha ukingo wake kwa vidole, akaizungusha mpaka taa ikazimwa.

Weyers analijua hilo. Anajua kwamba sare inampa mtu mgongo na kumnyima kitu kingine.

Baada ya hapo watu wa nje wakamgundua, na sehemu hii nitaipitia haraka. Alikuwa mwanasayansi chini ya bahari kwenye DeepStar Six mwaka 1989. Alikuwa baba mwenye siasa kali za Kikaburu kwenye The Power of One mwaka 1992. Alikuwa mkubwa wa polisi kwenye Bopha! ya mwaka 1993, filamu ya kwanza kuongozwa na Morgan Freeman. Mwaka 2003 kwenye Stander alikuwa baba jenerali ambaye mwanawe, kapteni wa polisi, anaiba benki. Mwaka 2006 kwenye Blood Diamond alikuwa tajiri wa almasi wa London. Mnaona orodha hiyo inavyokwenda. Dunia ilihitaji Kaburu, na alikuwapo mmoja anayejua kazi. Filamu ya nje ikija kwako, mara nyingi inataka lafudhi yako na kipaji cha uso wako. Haina nafasi ya kukuuliza umelelewa na nani.

Siwaambii mkatae. Yeye hakukataa. Ila alifanya kitu ambacho nataka mkiige: kila mmoja wa hao wakubwa alimpa uchovu wake. Mkiwatazama mmoja baada ya mwingine mtaona polisi amechoka kwa namna yake, jenerali amechoka kwa namna yake, na tajiri amechoka kwa kuwa tajiri. Mwandishi hakuandika hayo. Ni mshahara aliojilipa mwenyewe.

Nimefika sasa nilipotaka kufika tangu nilipopanda jukwaani.

Mwishoni mwa miaka ya 1990, utawala wa Makaburu umeshaanguka, Katinka Heyns, yule msichana wa Rautenbach, sasa ni mwongozaji. Mume wake Chris Barnard anaandika hadithi, na wanatengeneza filamu ya Kiafrikaans iitwayo Paljas. Afrika Kusini iliipeleka Oscar, kwenye kundi la filamu za lugha nyingine. Hadithi iko miaka ya 1960, kwenye stesheni ndogo ya treni katika nyika ya Karoo, mahali paitwapo Toorwater, ambapo kwa lugha yetu ni kama kusema Maji ya Uchawi. Stesheni masta ni Hendrik MacDonald. Amepangiwa huko na familia yake, mbali na kila mtu. Mke wake Katrien amenyauka kwa upweke. Wana binti, Emma, na mtoto wa kiume, Willem, ambaye ameacha kusema. Hasemi kabisa. Siku moja treni ya sarakasi inakosea njia, inasimama pale Toorwater, wanyama na wachekeshaji wanashuka. Treni inapoondoka, mchekeshaji mmoja, Manuel, anabaki nyuma kimya kimya, na yule mtoto anampata.

Hendrik ni Weyers. Safari hii mtu wa reli si wa kupita dakika mbili akamtupa mtu nje ya behewa. Treni zinapita na yeye anabaki. Yule mkagua tiketi wa Pietermaritzburg amerudi nyumbani, amevua koti, na sasa tunaona analala na nani, anakula na nani, na mtoto wake anamwogopa kiasi gani. Sijui kama Heyns alilikusudia hilo alipomchagua. Mimi nikizitazama filamu hizi mbili siku moja, naona ni mtu mmoja.

Niliiona Paljas sebuleni kwa yule mama wa Bo-Kaap, kwenye mkanda wa video uliokuwa umeanza kukwaruza. Maandishi ya Kiingereza yalikuwa chini, lakini yeye hakuyahitaji, na alinikataza nisiyasome. Alisema nimsikilize. Nikamsikiliza. Kwenye filamu za Kiingereza Weyers hutamka kila neno mpaka mwisho, kama mtu anayekabidhi funguo. Kwenye Kiafrikaans anayaacha maneno njiani. Anaanza sentensi kwa mke wake, inafika katikati, inamfia mdomoni. Anasema kitu huku ameshageuka. Ni namna ambayo mtu huongea nyumbani kwake tu, na lugha yake tu, kwa watu ambao wameshajua alichotaka kusema miaka kumi iliyopita.

Palikuwa na mahali familia iko mezani. Hakuna kubwa linalotokea. Mama yule akachukua rimoti, akasimamisha mkanda, uso wa Weyers ukabaki unatetemeka kwenye kioo cha televisheni. Akakaa kimya muda. Kisha akanieleza kwamba marehemu mume wake alizaliwa District Six, na serikali ilipotangaza mwaka 1966 kwamba eneo lile ni la Wazungu, nyumba ya wazazi wake ikaja kuvunjwa kwa tingatinga. Mume wake akawa anakaa mezani vile vile. Mikono huku na huku ya sahani, macho kwenye chumvi. Miaka miwili. Watoto wakajifunza kula bila vijiko kugonga sahani.

Nilishindwa la kumwambia. Mbele yetu yuko Kaburu, mwana wa kabila lililovunja ile nyumba, anacheza Kaburu, kwa lugha ya waliotoa amri ya kuvunja. Na mjane wa aliyevunjiwa anamwona mumewe. Mama hakuwa amesamehe serikali ile, na alinieleza hivyo waziwazi, kwa majina ya mitaa na tarehe. Alichofanya ni kuitambua meza. Akabonyeza tena, tukaendelea.

Tangu siku ile, nikiulizwa kuvaa uhusika ni nini, nawaza ile mikono huku na huku ya sahani.

Sitasimulia mwisho wa filamu kwa sababu mtaiona. Niongeze machache tu kuhusu uzee wake. Mwaka 2012 Heyns alimwita tena kwenye Die Wonderwerker, filamu ya Eugène Marais, mshairi na mchunguzi wa nyani aliyekuwa mtumwa wa mofini. Weyers akawa Gys, mkulima wa Waterberg anayempokea mgeni huyo nyumbani kwake, wakati jukwaa lote ni la mgeni. Mwaka 2015, akiwa na miaka 70, kwenye Dis ek, Anna ya mwongozaji Sara Blecher, alikuwa mpelelezi mzee kwenye kesi ya mwanamke aliyeharibiwa na baba wa kambo tangu utotoni. Askari tena, sare haipo, amebaki mzee anayesikiliza. Kazi yake kubwa kwenye filamu ile ni kusikiliza, na nawaomba walimu wa kikundi hiki waitafute waitumie darasani, kwa wakubwa tu maana inaumiza. Wanafunzi wengi wanajua kusema. Wakimaliza sentensi zao wanasubiri zamu kama watu wa kwenye foleni ya maji. Weyers akinyamaza, aliye mbele yake anaongea vizuri zaidi.

Vijana, nimeambiwa wapo watano kati yenu mnaokwenda Dar es Salaam mwezi ujao kutafuta nafasi kwenye tamthilia za televisheni. Mtapewa walinzi. Mtapewa mahausigeli, makonda, manesi wenye mistari miwili. Bodaboda anayeleta barua na kuondoka. Pokeeni. Na pale mtakapofanya kwa Kiswahili, kifanyeni Kiswahili cha kwenu, kile kinachofia mdomoni, kile bibi yako anachogombezea kuku. Kile cha kukabidhi funguo watakifundisha wengine.

Mwenyekiti ananionyesha saa, na amenivumilia vya kutosha. Projekta iko tayari na kitambaa kimeshafungwa. Tutaitazama Paljas, maandishi yapo chini, lakini dakika kumi za kwanza naomba tuyazibe kwa karatasi, kama nilivyozibiwa mimi.

Baada ya filamu msiondoke. Ile kofia ya baba itaanzia kwa binti aliye mwisho wa safu ya nyuma, yule mwenye shati la njano. Ataivaa, atatembea kutoka mlangoni mpaka hapa nilipo, ataivua, ataketi. Hasemi neno. Kisha atampa wa pili. Wazazi mtakaa mtazame, na wewe mama uliyekaa karibu na dirisha, uliyeniambia mumeo alikuwa fundi mitambo wa treni, nitakuomba uniambie ni nani kati yao aliyeivua vizuri.

Zimeni taa.